Hongo na Black-mail: Maneno Mawili ya Njia ya Unyanyembe

Msomaji akikutana na neno la kale asilolijua, hana hasara kubwa. Atasimama, atafungua kamusi, na kamusi ikishindwa atamwuliza mzee. Neno linalomponza ni lile la kale ambalo anadhani analijua, maana hapo hasimami. Analipita mbio kama abiria anavyopita kituo asichoshukia, na anafika mwisho wa kitabu akiwa amesoma hadithi nyingine kabisa.

Makala haya yanahusu maneno mawili ya namna hiyo. La kwanza ni letu, hongo. La pili ni la Kiingereza, black-mail, ambalo wasafiri Waingereza wa karne ya 19 walilitumia kulitafsiri hongo, tena kwa maana ambayo leo imekufa hata huko kwao. Nimeyaweka pamoja kwa kuwa huwezi kulisafisha moja bila kuligusa la pili. Yalikutana katika njia ya misafara kati ya pwani na Unyanyembe, yakaitwa ndugu, na baadaye kila moja likapotea kwa njia yake.

Niseme mapema kwamba mimi si mwanahistoria. Ni mwanafunzi wa fasihi, na shida yangu imetoka darasani. Katika semina moja tulikuwa tukijadili nathari ya Kiswahili ya wakati wa Wajerumani. Mwenzetu mmoja, kijana mwenye akili kweli kweli, akasimama akasema kuwa maandishi yale yanathibitisha kwamba rushwa haikuletwa na mkoloni, kwani watemi wa bara walikuwa wakila hongo mchana kweupe tangu enzi na enzi. Watu wakacheka, wengine wakapiga meza. Hakuna aliyebisha. Hoja ilipangwa vizuri sana, ila yote ilisimama juu ya neno moja, na neno lenyewe lilikuwa limeliwa na mchwa chini.

Tuanze na la Waingereza. Ukimwuliza Mwingereza wa leo maana ya blackmail atakuambia ni kumtoza mtu fedha kwa kumtisha, na mara nyingi kitisho chenyewe ni siri: ninayo barua yako, ninayo picha yako, usiponilipa nitaitoa. Sheria yao ya Wizi ya mwaka 1968 imelitumia neno hilo hilo kuwa jina la kosa. Wengi wetu tukilisikia tunadhani mail ile ni barua, kwa hiyo eti ni "barua nyeusi". Kumbe sivyo. Kiingereza kimebeba mail tatu zisizojuana. Ipo ya barua, ambayo asili yake ni mfuko. Ipo ya vazi la vita lililosukwa kwa vipete vya chuma. Na ipo ya tatu, iliyozeeka na kubaki Scotland na kaskazini mwa England tu, ambayo maana yake ni kodi: kile mkulima alichompa mwenye ardhi. Hii ya tatu ilitoka katika lugha ya kale ya watu wa Skandinavia, ambamo mál ni usemi, mazungumzo, mapatano. Yaani kabla ya kuwa kodi lilikuwa ni neno la watu wawili waliokaa wakaelewana.

Kuhusu ule weusi wanazuoni wanavutana. Wako wanaosema kodi nyeupe ilikuwa ile ya fedha, na nyeusi ile ya ng'ombe au mazao. Wako wanaosema weusi ni ubaya tu, basi. Sitaingia ugomvi huo.

Katika karne ya 16, mpakani mwa England na Scotland, ambako serikali zote mbili zilikuwa mbali na panga zilikuwa karibu, mkulima alimlipa mkuu wa ukoo fulani ili ng'ombe wake wasiibwe. Mkuu huyo aliahidi kumlinda dhidi ya wezi wengine, na pia, tuseme ukweli, dhidi ya watu wake mwenyewe. Malipo hayo ndiyo yaliyoitwa black-mail. Mwaka 1601 Bunge la England lilitunga sheria ya kuyapiga marufuku katika majimbo ya kaskazini, na sheria hiyo iliwagusa wote wawili, mpokeaji na mtoaji. Hilo la kumgusa mtoaji tulishike. Serikali ilijua vizuri kwamba anayemlipa mkuu wa ukoo amekubali kuwa kuna bwana mwingine katika nchi ile zaidi ya malkia.

Walter Scott ndiye aliyelirudisha neno hilo midomoni mwa wasomaji. Katika Waverley, riwaya aliyoitoa mwaka 1814, ng'ombe wa bwana mmoja mwenye shamba wanaibwa, na kijana Mwingereza mgeni anapouliza kulikoni anaelezwa habari za black-mail na habari za Fergus Mac-Ivor, mkuu wa ukoo anayeipokea. Riwaya inampa Fergus sura ya mtu jasiri, msomi, mwenye adabu za ikulu, na msomaji anampenda. Anapokea black-mail na bado ni muungwana. Kwa hiyo msomaji wa Kiingereza wa katikati ya karne ya 19 aliposikia neno lile, maana ya siri na vitisho ilikuwa bado changa. Alichokiona haraka ni milima, ng'ombe na mkuu wa ukoo.

Basi sasa tuvuke bahari. Juni 1857 Richard Burton na John Hanning Speke waliondoka pwani kwenda bara, na Novemba mwaka huo wakaingia Kaze, ambayo ni sehemu ya Tabora ya leo. Burton alichapisha kitabu chake mwaka 1860, na ndani yake kuhonga kumewekwa sambamba na black-mail. Speke, katika kitabu chake cha 1863, analiacha neno hongo lenyewe katikati ya Kiingereza, ukurasa baada ya ukurasa, mpaka msomaji wa London akalizoea. Stanley naye alikuwa na lake. Kwa miaka kama thelathini hongo lilikuwa neno la Kiingereza cha vitabu vya safari, kama safari lenyewe na askari. Safari na askari yakabaki huko mpaka leo. Hongo likarudi nyumbani.

Hongo hiyo ilikuwa nini? Msafara ukitoka pwani ulibeba merikani, ile nguo isiyotiwa rangi iliyopewa jina la nchi ilikotoka. Ulibeba kaniki, shanga za aina nyingi na masango ya waya wa shaba. Nguo zilipimwa kwa mikono: mikono minne ni shuka, shuka mbili ni doti. Kila ulipoingia nchi ya mtemi mwingine, msafara ulitua, ukatuma watu kwa mkuu, na mazungumzo yakaanza. Mkuu anataja doti nyingi. Wajumbe wanarudi kambini wakiwa wamenuna. Wanapeleka kidogo, kinarudishwa. Siku ya pili hivyo hivyo. Wapagazi wanakula posho bure, mwenye mali anahesabu hasara, na mkuu anajua kwamba anahesabu. Mwishowe wanakubaliana.

Ugogo ndiko kulikosifika zaidi kwa jambo hili, na sababu si ukali wa Wagogo tu kama vitabu vya wasafiri vinavyopenda kusema. Ugogo ni nchi kavu. Kisima kilichimbwa na mtu, na maji ya kisima yakinywewa na wapagazi mia tatu na punda wao hayarudi kesho. Chakula nacho kilinunuliwa kwa wenyeji hao hao. Anayetaka kuiona hongo kama jambo la kuchekesha ajiulize nani alichimba kile kisima.

Halafu ipo ngoma. Speke anaeleza kwamba hongo ikikamilika ngoma ilipigwa, ishara kuwa mkuu ameridhika na msafara uko huru. Kila mtu aliisikia: wenyeji, wapagazi, msafara mwingine uliotua upande wa pili wa kijiji. Hapo mimi ndipo ninapoegemea hoja yangu. Rushwa haipigiwi ngoma. Rushwa hupita chini ya meza, ndani ya bahasha, kwa sauti ya "tuone mkubwa tutafanyaje". Kitu kinachotangazwa kwa ngoma ili nchi nzima ijue kimelipwa kina jina lingine katika lugha za serikali zote duniani: kinaitwa ushuru, na ngoma yenyewe tunaiita risiti.

Tukija kwenye maandishi ya Kiswahili, jambo hili linakuwa la kifasihi. Mwaka 1901 Carl Velten alichapisha huko Göttingen mkusanyo uitwao Safari za Wasuaheli. Humo mna safari ya Sleman bin Mwenye Chande ya kwenda bara hadi Tanganyika, na pia mna safari ya Selim bin Abakari ya kwenda Urusi na Siberia, ambayo mtu yeyote anayedai Waswahili hawakuandika safari angepaswa kuisoma leo usiku. Miaka miwili baadaye Velten huyo huyo alitoa Desturi za Wasuaheli, kazi ambayo kwa sehemu kubwa ilitoka kwa Mtoro bin Mwinyi Bakari. Katika safari ya Sleman hongo si kitu cha kutajwa mara moja kikapita. Ndiyo inayougawa msuko. Msafara unafika, unatua, hongo inatakwa, watu wanabishana, unatoka. Unafika tena, unatua tena. Mhakiki aliyefundishwa kutafuta mgogoro ataukuta hapo, kwenye mlango wa kila nchi.

Sasa msome Sleman kwa sikio la leo, hongo ikiwa ni rushwa. Kila mtemi anageuka mhusika bapa, mlafi wa kuchekesha, na safari nzima inakuwa kama ripoti ya mwandishi wa habari aliyepita vituo vya askari barabarani. Msome tena hongo ikiwa ushuru wa njia. Mtemi anakuwa mtu mwenye nchi, msafara unakuwa mgeni mwenye mali na bunduki, na mabishano yanakuwa siasa. Ninavyosoma mimi, msimulizi wa pwani hulalamikia ukubwa wa kiasi, au kutozwa mara ya pili kwa njia ile ile. Haki yenyewe ya mkuu kudai kitu haimshangazi. Mshangao wa namna hiyo unauona zaidi kwa Stanley. Mwaka 1871, akiwa njiani kwenda Ujiji kumtafuta Livingstone, alitoa hongo Uha, akadaiwa tena na mkuu mwingine mbele kidogo, akaona yatosha. Alipata mtu wa kumwongoza, akauondoa msafara usiku, wakanyata porini mbali na vijiji hadi wakatoka katika nchi ile. Anasimulia kama ushujaa, na ni kisa kitamu kwelikweli, siwezi kukataa. Lakini mfanyabiashara wa leo akipita porini usiku na mali yake ili kukwepa kituo cha ushuru, gazeti la kesho litamwita mlanguzi.

Hapa Tabora penyewe neno hili lilitoa damu. Fundikira, mtemi wa Unyanyembe aliyefariki mwishoni mwa miaka ya 1850, aliishi kwa kuelewana na wafanyabiashara Waarabu wa Kaze. Aliyemrithi, Mnwa Sele, aliona mali nyingi inapita na hazina ya mtemi ni tupu, akaanza kutoza ushuru kwa bidhaa za wafanyabiashara. Hawakukubali. Mwaka 1860 walimwondoa wakamweka Mkasiwa, na Mnwa Sele akaenda porini akapigana nao miaka kadhaa, akiifunga njia, mpaka alipokamatwa na kuuawa mwaka 1865. Speke alikutana naye mwaka 1861 akiwa hana nchi, akamsikiliza, na habari zake kaziandika kwa huruma fulani. Katika vita hivyo aliuawa pia Snay bin Amir, yule mwenyeji aliyewapokea Burton na Speke kwa ukarimu mkubwa mwaka 1857.

Nauliza: Mnwa Sele alikuwa anadai nini? Alidai asilimia ya mali inayoingia katika nchi yake. Kama aliomba rushwa, basi alikuwa mtu wa ajabu, maana aliiomba kwa kila mtu, waziwazi, na akakubali kufa kwa ajili yake. Mirambo wa Urambo naye, katika masimulizi ya Stanley, aliuzuia msafara uliokuwa unakwenda Ujiji mwaka 1871, akachukua mitumba mitano ya nguo, bunduki tano na vipipa vitano vya baruti, kisha akaukataza kupita na kuurudisha ulikotoka. (Mtumba wakati huo ulikuwa furushi la nguo mpya kabisa. Leo nenda sokoni uulize mitumba uone utakachopewa. Maneno haya ya njia yote yamechakaa, si hongo peke yake.) Stanley alikuwa upande wa Waarabu katika vita vile, kwa hiyo masimulizi yake tuyapokee kwa tahadhari. Ila hata tukiyapokea yote, pana tofauti kati ya kutoza na kunyang'anya, na aliyechukua kisha akakataza njia alivunja mapatano ambayo ndiyo maana ya hongo yenyewe.

Sitaki nieleweke kuwa nawatetea watemi kwa kila jambo. Mkuu mwenye bunduki nyingi alitoza zaidi ya mwenye bunduki chache, na hiyo si haki, ni nguvu. Misafara yenyewe ilibeba pembe za ndovu na iliongoza watumwa, na sehemu ya nguo zilizotolewa kama hongo ililipwa na jasho la Mnyamwezi aliyebeba mzigo mabegani miezi mitatu. Wala haisemekani kwamba nguo zote zilifika kwa wananchi. Lakini hayo yote unaweza kuyasema juu ya kodi ya serikali yoyote, na bado ikabaki kodi.

Kwa nini basi neno lilianguka? Ninavyoona mimi, halikuanguka kwa sababu watu waligundua kuwa ni baya. Lilianguka kwa sababu mwenye haki ya kutoza alibadilishwa. Wajerumani waliposhinda, Isike wa Unyanyembe akiwa amejilipua kwa baruti katika ngome yake Januari 1893, hapakuwa na nafasi tena ya watawala wawili katika njia moja. Kuanzia 1898 ilikuja kodi ya nyumba, na wananchi wakaanza kumlipa yeye aliyewashinda. Kile kilichodaiwa na boma kikaitwa kodi. Aliyedai kitu nje ya boma, hata kama baba yake na babu yake walidai, akawa mkosaji. Neno hongo likabaki mkononi mwa huyo mkosaji. Ni sheria ya 1601 ya kule England imerudi: mfalme mmoja, mtozaji mmoja, na wengine wote waitwe weusi.

Lazima nikiri hoja ya upande wa pili, maana iko. Kitenzi kuhonga tangu mwanzo kilikuwa na ule ulaini wa kumpa mtu kitu ili moyo wake ulegee. Ndiyo maana mtaani leo tunasema "jamaa kamhonga yule dada simu", na hapo hakuna ofisi wala cheo, kuna simu na tamaa. Pengine mbegu ya rushwa ilikuwamo ndani ya neno zamani hizo. Nakubali mbegu. Ninachokataa ni kuusoma mti wa leo katika mbegu ya miaka 150 iliyopita.

Na lugha, jamani, haina huruma katika kugawa majina. Kiingereza kina neno customs kwa ushuru wa forodha, nalo ni lile lile la desturi: malipo ambayo watu wameyazoea mpaka yamekuwa halali. Kiswahili tumefanya vivyo hivyo na ada, iliyokuwa desturi na sasa ni ada ya shule. Kina tena royalty, ambalo sisi tumelifanya mrabaha. Neno hilo la Kiingereza limezaliwa moja kwa moja na mfalme: ni haki ya mfalme juu ya kilichomo ardhini. Kwa hiyo mfalme wa Uingereza akidai sehemu ya madini inaitwa ya kifalme, mkuu wa ukoo wa Scotland akidai ng'ombe ni nyeusi ila mwenyewe ni shujaa wa riwaya, na mtemi wa Ugogo akidai doti kumi za merikani kwa maji ya kisima chake ni nyeusi na hakuna riwaya. Burton alipochagua neno kutoka dunia ya Scott alichukua ule weusi tu. Fergus hakusafiri nalo.

Jambo hili kwetu Lusu, wilayani Nzega, si la vitabuni. Ndani ya kata hii ndimo ulimokuwa mgodi wa dhahabu wa Golden Pride, ulioanza uzalishaji mwishoni mwa miaka ya 1990 na kufungwa kabla ya katikati ya miaka ya 2010. Chini ya Sheria ya Madini ya 1998 mrabaha wa dhahabu ulikuwa asilimia 3. Sheria ya 2010 ikaupandisha kuwa 4, na marekebisho ya 2017, mgodi wetu ukiwa umeshafungwa, yakaufikisha 6. Watu waliokaa pembeni ya shimo lile walikuwa na swali moja tu miaka yote: mali inapita, mwenye nchi anapata nini? Ni swali la Mnwa Sele neno kwa neno. Babu yangu, ambaye Kiswahili chake kimejaa Kinyamwezi, hakuwahi kulisema neno mrabaha mbele yangu. Geti la ushuru wa mazao barabarani aliliita hongo, bila kinyongo wala utani, kama mtu anayetaja jina la kitu. "Toeni hongo, tupite," aliwaambia vijana wenye gari la karanga, na mtoza ushuru akanuna kwa kudhani anatukanwa. Risiti ilikatwa, tukapita. Wawili wale walisema Kiswahili kimoja, na katikati yao palikuwa na miaka mia moja.

Hata siku hizi mchezo wa majina haujaisha. Mwaka 2000 sheria ya uchaguzi ya Tanzania ilirekebishwa ikaruhusu takrima, yaani mgombea kuwakirimu wapiga kura kwa nia njema. Mwaka 2006 Mahakama Kuu ikaitengua. Kwa miaka sita, pilau na khanga zile zile zilikuwa ukarimu kwa mujibu wa sheria. Asubuhi ya hukumu zikarudi kuwa kile ambacho wananchi walikuwa wakikiita muda wote. Takrima ilikuwa hongo inayotaka jina zuri. Hongo ya Ugogo ilikuwa ushuru uliopewa jina baya.

Kwa hiyo ombi langu ni dogo na ni la kihariri. Yeyote atakayechapisha upya safari ya Sleman au Desturi kwa ajili ya wanafunzi asilibadili neno hongo kuwa ushuru, kwa sababu hapo tutapoteza sauti ya msimulizi na tutapoteza pia ushahidi wa mwendo wa lugha. Aliache, na chini ya ukurasa, mara ya kwanza linapotokea, aandike: malipo ya njia kwa mwenye nchi, yaliyojadiliwa na kutolewa hadharani, kwa nguo, shanga au waya. Na pale kitabu cha Kiingereza kinapotafsiriwa kuja kwetu, mfasiri akikutana na black-mail ya Burton asiandike rushwa, wala asiandike vitisho vya kutoa siri. Hapakuwa na siri yoyote. Ngoma ilikuwa ikilia.